Chini ya pazia: jioni za kula na kunywa Osaka na Tokyo

Jumatano: kutua Kansai, kulala Namba

Haya nimeyaandika nikiwa nimesharudi Dar, kwa msaada wa picha za simu na bahasha ya risiti ambazo ninachoelewa humo ni tarakimu tu. Ilikuwa Novemba, baridi ya sweta mchana na koti jioni. Wifi yangu, mke wa kaka, alikuwa anamaliza kozi fupi Kobe, akanipigia simu: "Wifi, njoo tumalizie pamoja. Muda wote huu nakula kantini. Nitarudi Tanga watu waniulize Wajapani wanakula nini, niseme kari na wali?" Tiketi ya kupitia Dubai ikapatikana kwa bei ya kuumiza kidogo, nikaondoka.

Kiwanja cha Kansai kiko baharini, juu ya kisiwa kilichotengenezwa na watu, na ndege zilianza kutua hapo mwaka 1994. Treni ya Nankai inakutoa kiwanjani mpaka Namba, upande wa kusini wa katikati ya Osaka, kwa chini kidogo ya yen 1,000 na dakika arobaini na kitu. Siku nilipobadilisha hela, yen 100 ilisimama kwenye shilingi 1,700 hivi. Hesabu hiyo iweke kichwani, itakusaidia huko mbele.

Jioni wifi akaja na treni ya moja kwa moja kutoka Kobe, tukaingia vichochoro vya nyuma ya Namba kutafuta chakula. Kila baada ya hatua chache kuna pazia fupi la kitambaa limening'inia mlangoni, noren wanaliita, limekata mtazamo wako usawa wa uso. Chini yake unaona miguu ya watu na miguu ya stuli. Juu yake moshi unatoka, na kicheko, na harufu ya nyama ikikutana na makaa. Bei huzioni. Picha ya chakula hakuna. Wifi alijua kusoma herufi chache, akasoma "bia" kwenye taa moja ya karatasi na hapo elimu yake ikaishia. Tukazunguka, tukachungulia, tukaangaliana. Usiku ule tulikula wali wa kufinyangwa na samaki ndani, tulionunua dukani, tumekaa kitandani hotelini. Chumba kilikuwa na nafasi ya kitanda na aibu kidogo.

*Kwa watakaofuata:* Mtanzania anahitaji viza, na ubalozi wa Japani Dar es Salaam utataka kuona ratiba yako ya kila siku na taarifa ya benki, kwa hiyo anza mapema. Ukifika nunua kadi ya usafiri. Kule Osaka inaitwa ICOCA, unatoa yen 2,000 na 500 kati ya hizo ni amana ya kadi. Inafungua mageti ya treni, inalipa dukani na kwenye mashine za vinywaji. Ila baa ndogo nyingi zinataka noti. Mashine za kutolea fedha za maduka ya 7-Eleven zilikubali kadi yangu ya benki ya nyumbani bila maswali.

Alhamisi: jioni ya kuongozwa

Wifi ndiye aliyetafuta kiongozi. Yen 12,000 kwa kichwa, vituo vitatu, chakula ndani yake na vinywaji viwili, kingine unajilipia. Nilipopiga kuwa shilingi nikakaa kimya kidogo. Alijaza fomu yao mwenyewe: hali nguruwe, hanywi pombe, nyama isiyochinjwa kihalali hali. Nikajua watajibu samahani haiwezekani. Wakajibu inawezekana, ila aje na subira.

Saa kumi na mbili jioni, mbele ya stesheni ya Namba, tulikuwa watu sita na kiongozi: dada wa makamo, viatu vya kutembelea, mkoba mmoja. Kabla hatujapiga hatua alitupa kanuni. Pazia likiwa nje, wamefungua. Likiingizwa ndani, wamefunga, usigonge. Ukiinua pazia onyesha kwa vidole mko wangapi, usikae mpaka uonyeshwe pa kukaa. Kila mtu aagize kitu, maana kiti ni kodi ya mwenye nyumba. Kitambaa cha moto unachopewa ni cha mikono. Na usipige picha nyuso za watu. Wengine wamemwambia bosi wao wanaumwa.

Kituo cha kwanza hakikuwa na kiti hata kimoja. Ni baa ya kunywea wima, kaunta ya mbao iliyochakaa, na watu kumi na kitu wamebanana nafasi ya watu wanane. Tulipoinua pazia, wapishi wote wakapiga kelele ya karibu kwa pamoja, nikashtuka nikadhani kuna moto. Wanaume wa suti waliokuwa kwenye kaunta, bila kuambiwa, wakageuka upande na kusimama bega mbele bega nyuma, tukapata nafasi sote sita. Hakuna aliyetukodolea macho zaidi ya sekunde mbili.

Kabla ya kuagiza, kila mmoja akawekewa kibakuli asichokiomba. Hiki kinawakera wageni wengi, wanadhani wameibiwa. Tokyo wanakiita otoshi, Osaka tsukidashi, na kitaingia kwenye bili, mara nyingi kati ya yen 300 na 500. Ndiyo kiingilio chako, kimevaa nguo ya chakula. Kibakuli chetu kilikuwa na figili nyeupe iliyochemshwa na nyama ya nguruwe. Kiongozi akamnong'oneza mzee wa jikoni. Mzee akamtazama wifi na hijabu yake, akakichukua kile cha kwake, akapotea nyuma ya friji, akarudi na tofu baridi, maziwa ya soya yaliyogandishwa, yenye tangawizi juu. Akaiweka kwa mikono miwili. Kisha akaifuta ile sehemu ya kaunta mbele yake, ingawa ilikuwa safi.

Wengine tulianza na bia ya bomba, maana ndivyo kila meza inavyoanza. Kuchagua kinywaji kwa mawazo ni kazi ya raundi ya pili. Glasi ilikuwa yen 400 na kitu. Hakuna anayegusa mdomo mpaka wote wapate na waseme kanpai. Chupa ikija mezani hujimiminii mwenyewe: unammiminia jirani, jirani anakumiminia wewe, na ukitaka kupumzika unaiacha glasi imejaa, wataelewa.

Ikaja mishikaki ya kuku, yakitori. Hapa kuku anagawanywa kama mirathi. Paja, paja na kitunguu cha majani, ngozi peke yake, moyo, ini, gegedu la kidari, firigisi. Unaulizwa chumvi au mchuzi. Nilipokea kijiti cha firigisi nikakumbuka Moshi, ambako firigisi ina mwenyewe, na mwenyewe ni baba. Hapa ni yen 150, tatu kwenye kijiti, na msichana wa ofisini kando yangu alikuwa anaagiza cha pili. Nikala kwa raha yenye hatia kidogo.

Wifi alikula samaki. Makareli aliyepakwa chumvi tu na kuchomwa mpaka ngozi ikapasuka, soya changa za maganda, nyanya baridi. Kiongozi alituambia wazi kwamba mchuzi ule wa kahawia unaometa una pombe ya mchele ndani, na hata sosi ya soya mara nyingi huwekewa spiriti kidogo isiharibike. Kwa hiyo akaomba chumvi na limau. Chai ya oolong baridi ndiyo ilikuwa kinywaji chake usiku kucha.

*Kwa wasiokunywa:* agizeni "uuron-cha". Msiseme "uuron-hai". Rangi moja, glasi moja, barafu ileile, lakini ya pili imechanganywa na shochu, pombe kali ya kienyeji. Wifi aliniomba niiandike hii kwa herufi kubwa, nami naiandika kwa herufi za kawaida ila mara mbili: cha ni chai, hai ni pombe.

Kituo cha pili kilikuwa Shinsekai, tukafika kwa treni ya chini ya ardhi na kutembea kidogo. Mtaa huu ulijengwa mwaka 1912 ukiwa ndoto ya kisasa ya Osaka, pamoja na mnara wake Tsutenkaku. Mnara uliopo sasa ni wa 1956, wa zamani uliungua na kubomolewa wakati wa vita, na leo mtaa mzima una uso wa mtu aliyekuwa tajiri zamani na hajali. Taa nyingi, sanamu nyingi, na kichochoro cha Janjan ambako wazee hucheza shogi, sataranji ya Kijapani, wengine wakitazamwa na wapita njia kupitia dirishani.

Chakula cha Shinsekai ni kushikatsu: nyama, kitunguu, mzizi wa yungiyungi, kamba, mayai ya kware, chochote kinachokubali kijiti, kinazungushiwa unga wa mkate na kukaangwa. Kwa miaka mingi kulikuwa na chombo kimoja cha sosi kwa kaunta nzima na amri moja ukutani: chovya mara moja tu. Ukishang'ata, haramu kurudisha. Ukitaka sosi zaidi unachota kwa kipande cha kabichi, ambayo ni bure. Tangu korona sehemu nyingi wameleta chupa za kubonyeza, lakini pale tulipokaa chombo kilikuwepo, na bibi mwenye kaunta alikuwa na jicho.

Wifi hakukaangiwa kitu, kwa sababu mafuta yale mara nyingi yana mafuta ya wanyama, na kila kitu kinaogelea humo kwa zamu. Alikuwa anatafuna kabichi kwa heshima zote. Pembeni yetu walikaa wazee wawili, mmoja na kofia ya besiboli. Huyu wa kofia akamuuliza kiongozi mbona yule hali. Kiongozi akaeleza. Mzee akashuka kwenye stuli, akatoka nje, tukadhani kaudhika. Baada ya muda akarudi na boksi la takoyaki la moto, vidonge vya unga vyenye pweza ndani, alilolinunua kibanda cha jirani, akawa ameuliza huko kama kuna nguruwe. Akaomba ruhusa kwa bibi wa kaunta chakula cha nje kiliwe ndani. Bibi akakubali kwa kutikisa kidevu.

Wifi ni mtu wa Tanga, pweza kwake si habari. Akakifungua kidonge kwa vijiti, akakitafuta kipande, akakipata. "Wifi," akaniambia kwa Kiswahili, uso ukiwa unatabasamu kwa mzee, "huyu pweza ni wa kuhesabu." Akala vyote vinane.

Mzee akauliza tunatoka wapi. Tanzania. "Aa! Kirimanjaro!" Nikadhani anasema mlima. Alikuwa anasema kahawa. Kumbe Japani kahawa ya arabika ya Tanzania, isipokuwa ya Bukoba, huuzwa kwa jina la Kilimanjaro, na mikahawa ya kizamani wanaikatiza na kuiita Kiriman. Ameinywa kila asubuhi tangu ujana wake. Nikamwambia, kupitia kiongozi, kwamba shamba la babu yangu Moshi lina mibuni mpaka leo. Mzee akavua kofia. Sijui alidhani babu yangu anamiliki mlima, lakini sikumsahihisha, na bia iliyofuata alilipa yeye.

Kituo cha tatu tulirudi upande wa Namba: baa ya ghorofani yenye stuli nane, ngazi nyembamba, mlango usio na dirisha. Hii nisingeifungua peke yangu hata kwa kulipwa. Mwenye baa ni mama mmoja, na ukutani alikuwa na chupa nyingi zenye vibandiko vya majina shingoni. Mteja ananunua chupa nzima, inabaki pale, kila akija anaendelea alipoishia. Tukamiminiwa sake, pombe ya mchele, kwenye glasi iliyosimamishwa ndani ya kisanduku cha mbao, na mama akaendelea kumimina mpaka ikafurika ikajaza kisanduku. Inafurishwa makusudi, ndiyo ukarimu wenyewe. Unainama unafyonza kwanza, kisha unainua, na iliyomwagika unaimalizia. Sake ina nguvu ya asilimia 15 au 16, inapita kooni kama haijasema kitu, halafu unasimama.

Saa nne na nusu kiongozi akatuaga, maana treni za mwisho ni karibu saa sita usiku na baada ya hapo ni teksi au kungoja alfajiri. Hakuna bahshishi, tulipojaribu alirudisha mikono nyuma.

Je, yen 12,000 ina thamani? Nilipiga hesabu usiku uleule. Tulichokula na kunywa, kwa bei za ukutani, hakikuzidi 5,500 kwa mtu. Iliyobaki umenunua mlango, na yule mtu wa kunong'ona na mzee wa jikoni. Kwa wifi ilikuwa na thamani kila senti. Kwangu pia, lakini kwa sababu tulifanya mwanzoni. Watu wengi huiweka usiku wa mwisho, kama sherehe ya kuaga, na hapo unajifunza kuogelea siku ya kutoka majini.

Ijumaa: kila mtu na kibla chake

Wifi alitaka kusali Ijumaa Kobe, kwenye msikiti alioupenda. Mimi nilitaka Nada, upande wa mashariki wa mji uleule, ambako sake inatengenezwa. "Kila mtu na kibla chake," akasema, tukapanda treni moja.

Msikiti wa Kobe ni wa mwaka 1935, wa kwanza Japani. Ulinusurika mabomu ya 1945 yaliyoufagia mji, na ukanusurika tetemeko la Januari 17, 1995. Nilimsindikiza mpaka mlangoni. Jengo zuri, minara miwili kati ya majengo ya kawaida, na mitaa ya jirani ina maduka na mikahawa ya halali. Anayesafiri na masharti kama ya wifi aijue anwani hii.

Nada ni vijiji vitano vya zamani vilivyoshikana, na hutoa takriban robo ya sake yote ya Japani. Nilishuka Sumiyoshi kwa treni ya Hanshin, nikatembea hadi makumbusho ya Hakutsuru, ambayo kuingia ni bure. Ndani kuna mapipa ya mierezi makubwa kuliko chumba chetu cha hoteli, na sanamu za wafanyakazi wakiwa kazini. Zamani mafundi walikuwa wakulima wa milima ya Tamba; wakishavuna mpunga wanashuka kufanya kazi ya sake baridi yote, na saa walikuwa wanaipima kwa nyimbo, wimbo mmoja ni muda wa kukoroga fulani.

Mambo matatu yanaifanya Nada kuwa Nada. Maji ya miyamizu ya Nishinomiya, yaliyogundulika mwaka 1840, yana madini mengi na chuma kidogo sana. Upepo wa baridi unaoshuka mlima Rokko. Na mchele wa Yamada Nishiki, uliopewa jina hilo mwaka 1936. Mchele hausagwi, unakwanguliwa. Ile sake ya bei kubwa, daiginjo, imepoteza nusu ya punje au zaidi kabla ya kuanza kupikwa. Nilisimama mbele ya vichupa vitatu vinavyoonyesha punje nzima, iliyobaki asilimia 70 na iliyobaki 50, na hiyo ya mwisho ni kijidonge kinachoweza kupenya tundu la sindano. Nikaelewa bei.

Tetemeko la 1995 liliangusha viwanda vingi vya mbao hapa. Ukitembea mitaani utaona zege zaidi ya mbao, na usiilaumu.

Kurudi Osaka treni ilisimama katikati ya njia zaidi ya nusu saa. Hakuna aliyeguna. Tuliposhuka, mfanyakazi alikuwa amesimama getini anagawa vikaratasi vya kuthibitisha kwamba treni ilichelewa, umpe bosi wako. Nimekihifadhi changu, bosi wangu Dar hatakiamini.

Jumamosi: Tokyo, bila kiongozi

Asubuhi ilikwenda kwenye mabegi na foleni. Shinkansen, treni ya kasi, ya Nozomi kutoka Shin-Osaka mpaka Tokyo ni saa mbili na nusu, yen 14,000 hivi. Begi ambalo urefu, upana na kimo chake vikijumlishwa vinapita sentimita 160 linahitaji kiti maalumu ukatie mapema. Kaa kiti cha herufi E uone mlima Fuji. Sisi tulikaa, na Fuji akajifunika.

Jioni tukaenda Omoide Yokocho, pembeni ya stesheni ya Shinjuku. Ni vichochoro viwili vitatu vya vibanda vya kuchomea, moshi mzito, taa nyekundu. Palianza baada ya vita kama soko la magendo. Unga wa ngano ulikuwa chini ya udhibiti wa serikali, mwenye kibanda cha tambi hana cha kuuza. Utumbo wa ng'ombe na nguruwe ukitoka kwa jeshi la Wamarekani haukudhibitiwa. Wakachoma utumbo, wakachemsha utumbo, na mtaa haujaacha mpaka leo. Moto uliteketeza sehemu yake mwaka 1999, wakajenga upya kwa ufinyu uleule.

Mtu wa supu ya utumbo kama mimi nilijisikia nyumbani kabisa. Bakuli la motsu, yaani utumbo, la miso (soya iliyochachushwa) na kitunguu juu, lilikuwa laini, zito, linataka ndizi. Wifi hapa alipata shida zaidi kuliko Osaka, kwa kuwa vibanda vingi ni vya nguruwe hata pale ambapo ubao unasema yakitori. Neno la kuuliza ni "buta", nguruwe. Akipatikana buta, ondoka kwa tabasamu. Kibanda cha tatu kilikuwa na uyoga wa kuchoma, pilipili hoho, na samaki wadogo wakavu. Akaagiza vyote. Hapa menyu ya Kiingereza ipo na wageni ni wengi kuliko wenyeji. Ni pazuri, lakini usije ukidhani umegundua kitu.

Kutoka hapo ni mwendo wa dakika kumi hadi Golden Gai. Vichochoro sita, baa zaidi ya mia mbili, nyingi hazizidi stuli kumi. Miaka ya 1980, bei ya ardhi ilipopanda kichaa, moto wa ajabuajabu ulianza kuzuka pale, na wateja wakawa wanapeana zamu za kulinda usiku. Ndiyo maana hapa mteja wa zamani ana sauti kuliko mgeni mwenye hela.

Baa ya kwanza tuliyoifungua, mwanaume aliyekuwa kaunta aliinua mikono akaifanya msalaba mbele ya kifua. Hiyo maana yake hapana. Inaweza kuwa pamejaa, inaweza kuwa ni ya wanachama. Siku ya Jumatano ningerudi hotelini moja kwa moja. Sasa nikainama kidogo, nikashusha pazia, tukaendelea. Hatujafika pembeni, kijana mmoja akatoka baa ileile mbio, miwani imejaa mvuke, akatuonyesha kwa mikono tumfuate. Akatupitisha kichochoro cha pili, akapanda ngazi za mwinuko mkali, akafungua mlango, akasema maneno mengi kwa dada mwenye baa, akatuinamia, akarudi kwenye kinywaji chake.

Kiingilio yen 800 kwa mtu, kimeandikwa mlangoni. Siku hizi baa nyingi za pale huandika. Ambayo haijaandika, uliza kabla ya kukaa. Dada alikuwa na chai ya tangawizi ya moto, wifi akafurahi kama mtoto. Watu wa kaunta walitaka kujua kila kitu: Tanzania kuna theluji? Kule juu ipo. Mnakula nini asubuhi? Wifi akaeleza mbaazi za nazi na mandazi kwa ishara na simu, na mazungumzo yakaenda mpaka mtu mmoja akachora nazi kwenye kitambaa cha karatasi. Nguo zetu zilinuka sigara hadi Dar. Sheria ya Aprili 2020 ilizuia kuvuta ndani ya migahawa, ila baa ndogo za zamani zinaruhusiwa kuendelea, na pale nyingi ni ndogo na za zamani.

Jumapili: mvua, na bili

Mvua ilinyesha kutwa. Tulipanga kumalizia Yurakucho, kwenye baa zilizo chini ya matao ya matofali ya reli, lakini pale ni pa watu wa maofisini na Jumapili nusu ya mapazia yalikuwa ndani. Nenda Alhamisi au Ijumaa. Treni zinapita juu ya kichwa na glasi zinatetemeka, hilo tulilipata hata kwa nusu ya baa. Tulikula samaki wa kuchoma na wali, tukawahi kulala.

Gharama za jioni, toa ile ya kiongozi: usiku wa Shinjuku na Golden Gai ulitutoka yen 9,400 wawili, Yurakucho 5,200. Ukinywa kwa adabu, yen 4,000 hadi 5,000 kwa mtu kwa usiku zinatosha Tokyo, na Osaka ni nafuu kidogo. Umri wa kunywa ni miaka 20. Anayetaka kukodi gari au baiskeli aache kabisa siku ya kilaji. Sheria inamshika dereva, na inaweza kumshika hata aliyempa pombe na aliyepanda naye.

Jambo moja la bili. Kule kundi likikaa pamoja, mara nyingi bili inagawanywa sawa kwa vichwa, nasi tukafuata desturi. Wifi hakusema kitu Japani. Tulipofika Dar akatoa daftari. Ameandika kila chai ya oolong na kila bia, baa kwa baa, na kwa hesabu yake nimekunywa kwa mgongo wake yen 2,300. Nikamwambia desturi ni desturi. Akanijibu, "Wifi, desturi ya Japani tumeiacha Japani." Nimemtumia kwa simu shilingi 39,100 na ya kutolea.